Sura ya Sita: Volti Tatu za Eldoret

Kitabu cha mafundi cha Toyota Corolla ya miaka ya 1990 kinaagiza hivi: fungua swichi bila kuwasha injini, pima kati ya waya wa PIM na waya wa E2, nawe utapata volti 3.3 hadi 3.9. Pima gari hilo hilo Langas au kando ya Uganda Road, na mita itakuonyesha volti 3, pengine pungufu kidogo. Fundi anayefuata kitabu neno kwa neno atakuambia sensa imekufa, nenda katafute nyingine. Sensa ni nzima kabisa. Inachosema ni kwamba iko Eldoret.

PIM ni sensa inayopima shinikizo la hewa ndani ya manifoldi, ile hewa inayosubiri kuvutwa na injini. Injini ikiwa imezimwa, hewa ya humo ni sawa na hewa ya nje. Mombasa hewa hiyo inakandamiza kwa kiasi cha kilopaskali 101. Eldoret iko karibu mita 2,100 juu ya usawa wa bahari, na hapa shinikizo halifiki hata 80. Sensa hizi za Toyota hupunguza kama volti 0.4 kwa kila milimita 100 za zebaki zinazopungua, na kutoka pwani hadi Uasin Gishu zinapungua zaidi ya 160. Piga hesabu: 3.6 toa 0.65. Ndiyo hiyo volti 3 yetu. Panda Timboroa, juu ya mita 2,700, itashuka zaidi. Toka Iten uteremke kupitia Tambach hadi Bonde la Kerio, itapanda tena mbele ya macho yako bila mtu kugusa chochote chini ya boneti.

Nimeanza na sensa hii ili msomaji aingie kwenye nyaya za kontroo boksi, kompyuta ya injini, akiwa ameshika jambo moja. Volti unayoikuta kwenye waya ni habari, na habari haipimwi kabla ya kuuliza imetoka wapi na imepita wapi. Magari mengi ya zamani yanayolala gereji wiki baada ya wiki hayajaharibika boksi. Boksi limepelekewa habari mbovu, nalo likatoa amri zinazolingana na habari hizo.

Magari yenyewe tunayajua. Corolla ya umbo la 100, iliyotoka Japani mwaka 1991, ilitufikia mwishoni mwa miaka ya 1990 na mwanzoni mwa 2000. Ile ya 110, iliyotoka mwaka 1995, ikaja nyuma yake. Nyingi zina injini ya 5A yenye sentimita za ujazo 1,498 au 4A yenye 1,587. Leo zina miaka 25, 30 na zaidi, na bado zinapeleka maziwa, zinabeba mbegu za mahindi, zinawafikisha walimu shuleni Moiben na Kesses. Ni magari mazuri. Kinachozeeka ndani yake kabla ya chuma ni plastiki ya soketi, mpira wa kuzibia maji na shaba ya nyaya.

Kabla ya Corolla hizo tulikuwa na Peugeot 504 na Datsun za kabureta. Kabureta haijui imepanda mlima. Hewa ikipungua uzito, yenyewe inaendelea kumwaga mafuta karibu yale yale, na injini inakula petroli na kutoa moshi mweusi. Ndiyo maana mafundi wa nyanda za juu walikuwa wakibadilisha jeti, kazi ya mkono na ya akili, nami nawaheshimu kwa hilo. Wazo la kuiachia sensa ya shinikizo kazi hiyo lilifika barabarani mwaka 1967, Bosch ilipofunga mfumo wake wa kumwaga mafuta kwa umeme kwenye Volkswagen 1600. Corolla zetu ni wajukuu wa wazo hilo. Mtu aliyelelewa kwenye kabureta anapofungua boneti ya 110, kishawishi chake cha kwanza ni kutafuta skrubu ya kukaza. Skrubu hiyo haipo. Kuna nyaya.

Boksi lenyewe limejificha ndani ya dashibodi, nyuma ya kijaluba cha upande wa abiria au chini katikati, kutegemea umbo la gari. Halioni injini wala halisikii. Liko kama karani aliyefungiwa ofisini, asiyejua ya nje ila kwa barua zinazopitishwa chini ya mlango. Barua ikiwa na uongo ataijibu vilevile.

Umeme wa boksi huja kwa njia mbili. Waya wa BATT una umeme mchana na usiku, hata ufunguo ukiwa mfukoni, kwa sababu ndio unaotunza kumbukumbu ya hitilafu. Waya wa +B hupata umeme pale tu swichi inapofunguliwa na relei kuu ya EFI kubofya. Ukifungua swichi na taa ya injini kwenye dashibodi haiwaki kabisa, usikimbilie boksi. Anza na fyuzi ya EFI, kisha relei, kisha +B, kisha balbu ya taa yenyewe. Hizo ni dakika 10 za kazi, na mara nyingi hadithi inaishia hapo.

Upande wa arthi ndio watu wanaupuuza, na mimi ningependa fundi kijana autazame kabla ya kitu kingine chochote. Gari hili lina arthi za aina tofauti. E1 ni arthi ya boksi. E01 na E02 zinarudisha umeme mzito wa nozo. E2 ni arthi ya sensa peke yake, na haifungwi kwenye bodi kokote, inarudi ndani ya boksi. Kwa rangi za Toyota, waya mweupe wenye mstari mweusi ni arthi ya bodi, na arthi za injini na sensa kwa kawaida ni za hudhurungi. Kwenye michoro, herufi B ni nyeusi, BR ni hudhurungi, na buluu ni L kwa kuwa B ilikwisha chukuliwa. Anayechanganya B na L ataunga waya wa nozo kwenye waya wa sensa, na hapo boksi zima litakufa kweli.

Niliwahi kusimama kando ya Corolla 110 ya mwalimu mmoja, kwenye uwanja wa mafundi nje kidogo ya katikati ya mji. Gari lilikuwa linakula mafuta kupita kiasi, plagi nyeusi kama masizi, na taa ya injini haikuwaka. Alikuwa ameshaambiwa kwingine kwamba boksi limekufa, na alikuwa anatafuta pesa za lingine. Fundi hakuligusa boksi. Aliwasha injini, akaiacha ishike moto, akaweka ncha nyeusi ya mita kwenye chuma cha injini, kisha ncha nyekundu akaichomeka kwa nyuma kwenye soketi ya boksi, pale waya wa hudhurungi wa E1 unapoingia. Mita ikasoma volti 0.4.

“Mwalimu, njoo uone hapa.”

“Si niliambiwa ni kontroo boksi, fundi?”

“Boksi halina hatia. Hapa panatakiwa sifuri, ikizidi sana 0.1. Arthi yake imeinuliwa.”

Alizifuata nyaya hadi kwenye manifoldi. Boliti ya arthi ilikuwepo, imekazwa, lakini aliyebadilisha gasketi kabla yake alikuwa amepaka silikoni pande zote, na kipete cha waya kilikuwa kimekalia silikoni badala ya chuma. Akakwangua mpaka aluminiamu ikang'aa, akasugua kipete kwa msasa, akakaza. Mita ikasoma 0.02.

Kwa nini volti 0.4, ambazo hata balbu ya tochi haiwezi kuwaka kwazo, zilichosha injini nzima? Jibu liko kwenye eksosi. Sensa ya oksijeni yenye waya mmoja, ambayo ndiyo iliyomo kwenye mengi ya magari haya, haina waya wa arthi. Mwili wake umefungwa kwenye eksosi, na eksosi imefungwa kwenye injini. Inatoa karibu volti 0.9 mafuta yakizidi na karibu 0.1 yakipungua, na boksi hukata shauri katikati, karibu 0.45. Sasa arthi ya boksi ikiinuka kwa volti 0.4 juu ya chuma cha injini, kila neno la sensa linafika likiwa limepunguzwa 0.4. Sensa ikisema 0.8, mafuta yamezidi, boksi linasoma 0.4, mafuta yamepungua. Boksi linaongeza mafuta. Sensa inapiga kelele zaidi, na boksi halisikii. Taa ya injini haiwaki kwa sababu hakuna sensa iliyokatika wala volti iliyotoka nje ya mipaka. Mwalimu alikuwa anaenda kununua boksi la pili, ambalo lingefungwa kwenye arthi ile ile na kufanya yale yale.

Waya uliokatika kabisa ni rahisi kuukamata. Ulioharibika nusu ndio unaotesa. Chukua sensa ya joto la maji, THW. Ni kipande cha kizuizi tu: maji yakiwa na nyuzi 20 kina omu kati ya 2,000 na 3,000, na yakifika nyuzi 80 kinashuka hadi karibu 300. Soketi yake iko karibu na mabomba ya maji, na kila kuvuja kidogo kunaiachia kutu ya kijani. Tuseme kutu hiyo imeongeza omu 2,000 njiani. Injini imechemka vizuri, sensa ina 300, lakini boksi linapata 2,300 na kuamini kwamba maji yako nyuzi 20 na ushee, yaani asubuhi. Linamimina mafuta ya asubuhi mchana kutwa. Hakuna kodi ya hitilafu, kwa sababu nyuzi 20 si jambo la ajabu.

Waya huo ukikatika kabisa mambo yanageuka. Boksi linaona volti 5 kamili, linajua kuna uongo, linawasha taa, linaandika kodi 22, na kwa usalama linachukulia kuwa maji yana nyuzi 80. Mchana gari linakwenda vizuri. Lakini mwezi wa Julai saa 12 asubuhi, Eldoret ikiwa na nyuzi 10 au chini, boksi linainyima injini mafuta ya baridi, na mwenye gari anazungusha stata mpaka betri inachoka. Gari hilo hilo ukilipeleka Mombasa pengine mwenyewe asingegundua. Kwa hiyo ukiambiwa gari linasumbua asubuhi tu, kanunue betri baada ya kupima THW, si kabla.

Kodi zenyewe hazihitaji mashine ya bei. Chini ya boneti kuna kisanduku kidogo cha plastiki chenye maandishi ya matundu yake ndani ya kifuniko. Unganisha TE1 na E1 kwa kipande kifupi cha waya, weka gia ya kati, zima eya kondishena, usikanyage mafuta, fungua swichi bila kuwasha. Taa ya injini ikipepesa mfululizo bila kupumzika, hakuna kodi. Ikiwa ipo, itapepesa makumi, itapumzika, kisha itapepesa mamoja: mara 2, kimya, mara 2, ndiyo 22. Namba 31 inahusu PIM, 41 sensa ya kizibo cha hewa kinachofunguka ukikanyaga mafuta, 21 sensa ya oksijeni, 14 waya wa kujibu wa ignita. Ukimaliza kazi, ng'oa fyuzi ya EFI kwa sekunde kadhaa na kumbukumbu itafutika. Naomba msomaji asisahau hili: kodi 22 haisemi kwamba sensa ya maji imekufa. Inasema kwamba boksi halikuelewa kilichofika kwenye tundu la THW. Kati ya tundu hilo na sensa kuna waya na soketi, na gari lenye miaka 30 limekutana na mikono mingi.

Hiyo kodi 14 inastahili neno la ziada, kwa kuwa imewafanya watu kushusha tangi la mafuta bure. Boksi hutuma amri ya cheche kwa waya wa IGT, na kila ignita inapotii hujibu kwa waya wa IGF. Jibu lisiporudi, boksi hukata nozo, ili petroli isimwagike ndani ya silinda zisizo na cheche. Unazungusha stata, pampu inafanya kazi, mafuta yapo kwenye reli, na nozo hazifunguki. Dalili zote zinaelekeza kwenye mafuta wakati kosa liko kwenye waya mmoja mwembamba wa cheche.

Na ile mikono mingi iliyoyapitia magari haya ilifanya nini? Tarehe 1 Februari 2004 zilianza kutekelezwa kanuni za waziri John Michuki, na kila matatu ikatakiwa kuwa na kidhibiti mwendo kisichoruhusu zaidi ya kilomita 80 kwa saa. Zilikuja kuokoa watu, na nchi ilizihitaji. Lakini kufunga kidhibiti kulimaanisha kuingia kwenye nyaya za kasi, za mafuta au za cheche. Juu ya hivyo zikaja kengele za wizi, swichi za siri za kuzima pampu, redio kubwa, na vifaa vya kufuatilia gari. Kila kimoja kilikata waya mahali fulani, kikasokotwa kwa vidole na kufungwa tepu nyeusi. Kifaa kikaondolewa baadaye, kiungo kikabaki. Mvua zetu za kuanzia Machi zinaingia chini ya tepu, shaba inageuka kijani, kisha nyeusi. Kwingine utakuta kipande cha waya wa nyumba, ule wenye shaba moja nene, kimeungwa kwenye waya wa gari wenye nyuzi nyingi nyembamba. Waya wa nyumba umetengenezwa kutulia ukutani. Mtetemo wa barabara ya vumbi unaukatia ndani ya plastiki yake, na kwa nje unaonekana mzima. Halafu kuna panya. Gari lililoegeshwa karibu na ghala la mahindi baada ya mavuno ni nyumba yenye joto, na plastiki ya nyaya inatafunika.

Kwa hiyo mita ikilia unapopima mwendelezo wa waya, usiridhike. Unyuzi mmoja uliobaki kati ya 20 unatosha kuifanya ilie. Ubebeshe waya mzigo: unganisha balbu ya indiketa upande wa pili, kisha pima volti zinazopotea njiani. Waya mzima hupoteza kidogo sana. Waya uliokwisha hufanya balbu iwake kama mshumaa. Nyaya za sensa usizijaribu kwa balbu zikiwa bado kwenye boksi, ng'oa soketi za pande zote mbili kwanza. Kiungo kibovu kikipatikana, kikate chote mpaka ufikie shaba nyekundu, tumia waya wa nyuzi nyingi wenye unene ule ule na ikiwezekana rangi ile ile, lehemu, vika mpira unaonywea kwa moto. Fundi wa jua kali anayekwenda kufanya jaribio la ufundi la NITA atafika mbali zaidi akiwa na tabia hiyo kuliko akiwa na mashine ya kusoma kodi peke yake.

Kuna siku boksi limekufa kweli. Ndani ya maboksi ya miaka ya 1990 mna kapasita ndogo za mviringo zenye maji ya kemikali, na baada ya miongo maji hayo huvuja na kula njia za shaba kwenye bodi. Ukifungua kifuniko utasikia harufu kama ya samaki, na utaona doa la kahawia chini ya kapasita. Likiwahiwa, boksi hilo linaokolewa kwa kapasita mpya na mkono mtulivu. Dalili nyingine ni volti 5 za VC kukosekana. VC ndiyo inayolisha PIM na sensa ya kizibo cha hewa. Lakini hata hapa subiri: ng'oa soketi za sensa hizo mojamoja ukiitazama mita. Volti 5 zikirudi ulipong'oa moja, sensa hiyo ilikuwa imeshika arthi na kuvuta VC chini, na boksi ni zima.

Ikibidi kununua, tazama namba iliyobandikwa kwenye boksi. Za Toyota huanza na 89661, na tarakimu zinazofuata kistari ndizo zenye maana. Maboksi mawili ya injini moja ya 5A hayabadilishani ovyo, kwani la gia za mkono na la gia za otomatiki hayakupangiwa nyaya sawasawa hata soketi zikiingiliana. Ukilinganisha na mchoro wa matundu, hakikisha kwanza mchoro umechorwa ukitazama boksi au ukitazama soketi ya nyaya, kwa kuwa upande mmoja ni kinyume cha mwingine, na ukisoma kinyume utapeleka volti 12 mahali panaposubiri 5. Pima BATT, +B na E1 kwenye soketi kabla boksi jipya halijaguswa, betri ikiwa imejaa. Zikiwa sawa, funga swichi, chomeka boksi, kisha fungua swichi na upime VC kabla ya kuzungusha stata.